Rangi Ing'aayo Ikimulikwa: Uchambuzi wa Istilahi Moja ya Kemia

1. Utangulizi

Makala haya yanachunguza istilahi moja ya kemia ambayo matumizi yake katika Kiswahili hayajatulia. Istilahi hiyo ni jina la zile rangi ambazo zikipigwa na mwanga wa aina moja hutoa mwanga wa aina nyingine, nazo hutumiwa maabarani kuonyesha kile ambacho jicho lisingeweza kukibainisha. Mfasiri atafutaye jina la kuziita hukabiliwa na maneno mengi: rangi zing'aazo, rangi za kumetameta, rangi zenye mwanga, rangi za mionzi, rangi mwako, rangi za floresenti. Maneno hayo hayalingani kimaana. Baadhi yake ni mapana mno, mengine yamekwisha kutengewa dhana nyingine, na mawili kati yake yaweza kumtia hofu mtu asiye na sababu ya kuogopa.

Mifano yetu tumeichukua Bagamoyo na mwambao ulio kaskazini ya Dar es Salaam, kwa sababu mbili. Kwanza, Bagamoyo ni mahali ambapo maabara ya kisasa na mwananchi wa kawaida hukutana kila siku. Taasisi ya Afya ya Ifakara ina kituo chake hapo, na hapo ndipo yalipoanzia, mwezi Mei 2009, majaribio ya awamu ya tatu ya chanjo ya malaria iitwayo RTS,S, yaliyofanywa katika vituo 11 vya nchi 7 za Afrika. Chanjo hiyo ilipendekezwa na Shirika la Afya Duniani mwezi Oktoba 2021. Kazi ya namna hiyo haiwezekani bila ya fomu za ridhaa, maelezo kwa wazazi, na mafunzo kwa wasaidizi wa maabara, na yote hayo huhitaji Kiswahili.

Pili, Bagamoyo ni nchi ya Kimrima, na mwanaistilahi ana deni lake huko. Padri Charles Sacleux wa Shirika la Roho Mtakatifu, aliyefika Afrika Mashariki mwaka 1879 na kufanya kazi Bagamoyo na Zanzibar, alikuwa mtaalamu wa mimea na vilevile mwanakamusi. Kamusi yake ya Kiswahili kwa Kifaransa, iliyochapwa Paris mwaka 1939, ilihifadhi maneno ya lahaja na majina ya mimea kwa wingi. Alianza kwa kuwasikiliza wenyeji wanaitaje mimea na vitu vyao, na hatuoni sababu ya kuiacha njia hiyo leo.

2. Maana ya dhana

Kabla ya kulihukumu jina, hapana budi kukijua kitu. Mwalimu akiponda majani ya mchicha, akayaloweka katika spiriti na kuyachuja, atapata kimiminiko cha kijani. Akikimulika gizani kwa tochi ya urujuanimno, mfano wa zile zitumiwazo kukagulia noti, atakiona kikitoa rangi ya damu ya mzee. Akizima tochi, wekundu ule hutoweka papo hapo. Akifanya hivyo kwa bizari ya manjano iliyoloweshwa katika spiriti, ataona mng'ao ulio baina ya kijani na manjano. Kwinini nayo, ikiyeyushwa katika maji yenye asidi kidogo, hutoa ubuluu hafifu. Inatosha tu kuwaonya wanafunzi wasiitazame tochi yenyewe.

Ubuluu huo wa kwinini ndio uliochunguzwa na mwanafizikia George Gabriel Stokes, ambaye mwaka 1852 aliipa hali hiyo jina lake la kitaalamu. Alibaini kwamba kimiminiko kile hupokea mwanga usioonekana na kurudisha mwanga unaoonekana. Baadaye kemia ilijifunza kuziunda rangi za namna hiyo. Mwaka 1871 Adolf von Baeyer aliunda floresini, ambayo hadi leo hutumiwa hospitalini: mganga huitia jichoni kidogo, akamulika kwa mwanga wa buluu, na kidonda cha kioo cha jicho, hata kikiwa kidogo sana, huonekana kwa ukijani mkali.

Dhana hii, basi, ina sehemu nne. (a) Rangi haitoi mwanga kwa nguvu zake yenyewe, bali hungoja kumulikwa. (b) Huusharabu mwanga iliomulikwa nao. (c) Hurudisha mwanga wa rangi nyingine, ambao aghalabu mawimbi yake ni marefu kuliko ya ule wa kwanza. (d) Mwanga wa kwanza ukikoma, nao hukoma mara moja, kwa muda unaohesabiwa kwa sehemu chache za bilioni moja ya sekunde. Si lazima istilahi izibebe sehemu zote nne, kwani hiyo ni kazi ya fasili. Lakini istilahi ikikosa sehemu (a), imekosa kiini.

3. Maneno yanayotumika na kasoro zake

Rangi zing'aazo. Hili ndilo lililozoeleka, na kasoro yake ni upana. Dhahabu hung'aa, sarafu mpya hung'aa, bati jipya la nyumba hung'aa, na bahari ya Bagamoyo hung'aa jua linapochomoza. Vyote hivyo huakisi mwanga uleule uliovipiga. Msaidizi wa maabara akiagizwa kuleta chupa ya rangi ing'aayo, ana haki ya kuleta rangi yoyote kali.

Rangi za kumetameta. Kurudiwa kwa shina katika neno hili kunaonyesha jambo linalotokea na kukoma na kutokea tena, kama nyota, au kama samaki wavuni anapogeuka juani. Mng'ao wa rangi hizi ni tulivu. Mtu achunguzaye kioo cha hadubini akiambiwa atafute kinachometameta, atangoja kione kikipepesa, naye atangoja bure.

Rangi mwako. Neno hili ni fupi na lina sura ya istilahi, lakini mwako katika kemia ni kuungana kwa kitu na oksijeni pamoja na joto na mwali. Katika rangi hizi hakuna kinachoungua. Kumwambia mwanafunzi wa kemia kwamba auramini ina mwako ni kumfundisha kosa.

Rangi za mionzi. Kwa mwanafizikia mwanga wowote ni mionzi, na kwa hiyo neno hili si uongo. Lakini mwananchi analijua neno mionzi kutoka chumba cha eksirei na kutoka habari za madini ya urani. Akisoma kwamba damu ya mwanawe itatiwa rangi ya mionzi, ataelewa kwamba itatiwa kitu cha hatari, na atakuwa amelisoma neno hilo sawasawa kama linavyotumika mtaani. Kosa hapo ni la mfasiri.

Rangi zenye mwanga. Hapa pana matatizo mawili. La kwanza ni kwamba kitu chenye mwanga ni kitu kinachoumiliki mwanga wake, kama taa au jua, na rangi hizi haziumiliki. La pili ni la pwani hasa. Mwanga wa ngeli ya mianga si mwanga wa ngeli ya wanga. Huyu wa pili ni mtu atembeaye usiku kwa uchawi, na katika vijiji vya mwambao jina lake halitamkwi kwa mzaha. Mara nyingi muktadha hutosha kuwatenganisha. Lakini muktadha wa kutoa damu unataka uangalifu zaidi. Pwani yetu inalijua neno mumiani, ambalo lilikuwa jina la dawa nyeusi ya biashara, na ambalo katika karne ya 20 lilikuja kumtaja pia mtu anayedhaniwa kunyonya damu za watu. Mtafiti anayebisha hodi akiomba tone la damu, na karatasi yake ikasema kwamba damu hiyo itatiwa rangi yenye mwanga, asishangae mlango ukifungwa.

4. Hoja ya kutohoa

Wako wanaosema kwamba maneno yote hayo yaachwe na litoholewe neno la kimataifa, yaani floresenti, kwa kuwa ni sahihi na linajulikana ulimwenguni. Hoja hii inastahili kujibiwa kwa makini, kwa sababu Kiswahili kimetohoa majina mengi ya sayansi bila ya kupata hasara, na kwinini ni mojawapo.

Tuanze na madai ya usahihi. Neno hilo la kimataifa halielezi chochote kuhusu mwanga. Stokes alilitoa katika jina la jiwe fulani ambalo baadhi ya vipande vyake hung'aa vikimulikwa, na jiwe lenyewe lilipewa jina hilo kwa Kilatini kutokana na kitenzi chenye maana ya kutiririka, kwa kuwa wafuaji wa madini walilitia tanuruni ili madini yayeyuke upesi. Kutoka jiwe hilohilo likatoka jina la elementi ya florini. Kwa hiyo anayetohoa floresenti hutohoa jina la jiwe, na maana ya mwanga haimo.

Jambo la pili ni zito zaidi. Mwanafunzi wa Tanzania analijua neno floridi, kwa kuwa maji ya baadhi ya sehemu za Arusha na Kilimanjaro yana floridi nyingi, nayo hutia meno madoa ya kahawia. Akisikia floresini na floresenti, atadhani kwamba rangi hizi zina florini ndani yake. Hazina. Floresini imeundwa kwa kaboni, hidrojeni na oksijeni peke yake. Auramini na rodamini nazo hazina florini. Istilahi inayomtuma mwanafunzi kutafuta elementi isiyokuwapo haiwezi kusifiwa kwa usahihi.

Zaidi ya hayo, utohozi wenyewe haujatulia. Mmoja huandika floresenti, mwingine fluoresenti, mwingine flurosenti, na neno lenye tahajia tatu haliwezi kuwekwa katika faharasa. Hata hivyo hatupingi utohozi wote. Majina ya dutu mojamoja, kama floresini, rodamini, auramini na eosini, ni majina pekee ya vitu, na yafaa yabaki yalivyo. Tunachopinga ni kuitohoa dhana ambayo lugha inaweza kuieleza.

5. Ushahidi wa lugha ya pwani

Je, lugha inaweza? Kanuni iliyozoeleka katika kazi ya istilahi nchini ni kwamba uchunguzi uanzie katika Kiswahili chenyewe na lahaja zake, kisha uende katika lugha za Kibantu na nyinginezo za Kiafrika, ndipo uvuke mipaka. Tuifuate.

Msamiati wa rangi katika pwani ni mpana kuliko tunavyodhani. Wasukaji wa mikeka huchemsha ukindu katika rangi, na mizizi ya mdaa ilitumiwa kutia weusi. Dobi huijua nili, ambayo hutia nguo nyeupe ubuluu kidogo ili umanjano wake usionekane. Sabuni za unga za siku hizi hufanya kazi hiyo kwa njia nyingine: zina dutu isiyo na rangi ambayo hupokea urujuanimno wa jua na kurudisha ubuluu, na ndiyo maana kanzu iliyofuliwa kwa sabuni hiyo hung'aa chini ya taa ya kukagulia noti. Nili huficha umanjano kwa rangi yake, na sabuni huuficha kwa mwanga inaourudisha.

Wavaaji wa kanga nao hutenganisha kuchuja na kupauka. Kanga huchuja rangi yake inapotoka majini, na hupauka inapokaa juani muda mrefu. Tofauti hiyo ndiyo anayoihitaji mtaalamu wa hadubini. Rangi hizi zikimulikwa kwa muda mrefu hupoteza uwezo wao wa kung'aa, na jambo hilo halina haja ya istilahi ngeni: rangi imepauka.

Lakini ushahidi mkubwa umo katika sarufi. Tuyatazame matamko matano ambayo msemaji yeyote wa Kiswahili atayaelewa:

Kimulimuli hung'aa chenyewe.
Bahari ya usiku hung'aa ikitikiswa.
Kaa hung'aa likipashwa moto.
Rangi hii hung'aa ikimulikwa.
Akrabu za saa hung'aa hata taa ikizimwa.

Matamko hayo yametaja hali tano za mng'ao ambazo vitabu vya sayansi huziita kwa majina magumu. Mvuvi wa Kunduchi au wa Mlingotini aonaye maji yakiwaka kasiani usiku hajui jina la vijidudu vinavyosababisha hali hiyo, lakini anajua kwamba hung'aa vikisukumwa. Katika tamko la nne, silabi moja, yaani ki, imebeba sharti lote la dhana yetu: pasipo kumulikwa hapana kung'aa. Kitenzi mulika nacho hakina utata. Humaanisha kukielekezea kitu mwanga kutoka nje yake, na katika hali ya kutendwa huonyesha wazi kwamba rangi hupokea kabla ya kutoa.

6. Pendekezo

Kutokana na ushahidi huo, twapendekeza mambo manne.

Kwanza, neno mng'ao litengwe kwa kila hali ya kitu kutoa mwanga pasipo kuungua, na neno mng'aro liachwe kwa sura ya vitu vinavyoakisi, kama metali. Lugha ina maneno mawili yanayokaribiana, na ni busara kuyagawia kazi.

Pili, hali tunayoizungumzia iitwe mng'aomuliko, kwa kufuata muundo wa usanisinuru, ambao umekwisha kukubalika shuleni. Rangi zenyewe ziitwe rangi za mng'aomuliko, na hadubini itumikayo iitwe hadubini ya mng'aomuliko. Hali ya kuendelea kung'aa baada ya taa kuzimwa yaweza kuitwa mng'aobaki. Neno moja likizaa mengine namna hii, limepita mtihani ambao floresenti hulishinda.

Tatu, ieleweke kwamba si kila dutu yenye mng'aomuliko ni rangi. Kwinini haina rangi, na dutu ya sabuni haina rangi. Hizo ziitwe dutu za mng'aomuliko. Sehemu ile ya molekuli ambayo ndiyo hasa inayosharabu na kurudisha mwanga, mkemia aiite kibebamng'ao, asiichanganye na rangi nzima.

Nne, katika maandishi yanayomlenga mwananchi, istilahi isitumike peke yake. Badala yake yatumike maneno ya fasili: rangi ing'aayo ikimulikwa.

Pendekezo lisilopimwa katika sentensi halina thamani, kwa hiyo tupime. Katika mwongozo wa maabara twaweza kuandika: "Makohozi yaliyokwisha kupakwa kwenye kioo yatiwe auramini, kisha yasomwe kwa hadubini ya mng'aomuliko. Vijidudu vya kifua kikuu vitaonekana vya manjano katika giza. Kioo kisikae mbele ya taa muda mrefu, rangi itapauka." Maandishi ya namna hii yana haja kubwa, kwani tangu mwaka 2011 Shirika la Afya Duniani lina sera ya kutumia hadubini za aina hiyo zenye taa za LED. Kwa hadubini hizo msomaji hupitia eneo kubwa la kioo kwa muda mfupi. Mashine ya GeneXpert nayo, iliyoidhinishwa na shirika hilo mwezi Desemba 2010, hutambua vinasaba vya kifua kikuu kwa kupima mng'aomuliko.

Katika fomu ya ridhaa twaweza kuandika: "Tone la damu yako litachanganywa na rangi maalumu ndani ya maabara. Rangi hiyo hung'aa ikimulikwa kwa taa, nasi tutaitumia ili kuona kama mna vimelea vya malaria. Rangi hiyo haitaingia mwilini mwako." Sentensi ya mwisho ni ya lazima kila inapokuwa ya kweli, na isiandikwe pale ambapo rangi huingia mwilini, kama floresini itiwayo jichoni. Mzazi wa Bagamoyo akiisoma fomu hiyo, au akisomewa, atajua kinachofanyika, wapi, na kwa sababu gani. Akikataa, atakuwa amelikataa jambo analolielewa, na akikubali, ridhaa yake itakuwa ridhaa.

7. Hitimisho

Huenda wengine watasema kwamba mng'aomuliko ni neno refu, na kwamba ng' na m zikifuatana humsumbua mgeni wa lugha. Urefu twaukubali. Kuhusu matamshi, mwenyeji hutamka mng'ao bila ya taabu, na istilahi za lugha ya taifa hutungwa kwanza kwa ajili ya wenyewe. Wengine watauliza kuna haja gani, ikiwa kemia ya sekondari hufundishwa kwa Kiingereza. Jibu limo katika mifano tuliyoitoa: msaidizi wa maabara, muuguzi, mwandishi wa habari, karani wa benki akaguaye noti, na mzazi atiaye saini, wote huikuta dhana hii nje ya darasa.

Twaomba kwamba chombo chenye mamlaka ya kusanifisha, yaani Baraza la Kiswahili la Taifa lililoundwa kwa sheria mwaka 1967, liyapime maneno haya pamoja na wataalamu wa maabara kabla ya tahajia tatu za floresenti kuota mizizi. Kwa sasa, mfasiri aliye na kazi mezani aache rangi za mionzi na rangi zenye mwanga, na aandike rangi ing'aayo ikimulikwa. Twakaribisha hoja za wanaopinga, hasa za wale wanaofanya kazi mbele ya hadubini, kwani wao ndio watakaolitamka neno hili mara nyingi kuliko sisi.